Umbo au Uamilifu? Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara Kuhusu Mikabala Miwili ya Sarufi

Ukurasa huu umekusanya maswali yanayorudi kila mara wanafunzi wa isimu wanapokutana kwa mara ya kwanza na mjadala kati ya wanaoieleza sarufi kwa umbo lake na wanaoieleza kwa kazi zake. Mifano mingi ni ya Kiswahili ili msomaji aipime kwa sikio lake mwenyewe. Usikubali hukumu yoyote iliyomo humu kabla hujaitamka sentensi kwa sauti.

## Mambo ya msingi

1. Mkabala wa umbo ni upi, na wa uamilifu ni upi?

Mkabala wa umbo, ambao wengine huuita wa kirasimi, huichukulia sarufi kuwa mfumo unaojitegemea. Kuna aina za maneno, kuna virai (mafungu ya maneno ndani ya sentensi), kuna namna virai vinavyopangana. Mwanaisimu anaandika kanuni zinazozalisha sentensi zote zinazokubalika na kuziacha nje zisizokubalika. Ili kufanya kazi, kanuni hizo hazihitaji kujua nani anaongea na nani wala kwa nia gani.

Mkabala wa uamilifu huanzia kwa msemaji. Watu husema ili kuarifu, kuomba, kukana, kuunganisha jambo jipya na lile lililokwisha kutajwa, na sarufi tuliyo nayo imechongwa na matumizi hayo. Akikuta lugha ina kauli ya kutendwa, mwanauamilifu huuliza kwanza: inamsaidia msemaji kufanya nini ambacho kauli ya kutenda haifanyi?

Watu husema pande hizi mbili zinabishana juu ya data. Mara nyingi sivyo. Data ni ileile. Ubishi uko kwenye neno "kwa nini". Wa umbo hutosheka na jibu linalopatikana ndani ya mfumo wenyewe. Wa uamilifu hatosheki mpaka jibu litoke nje ya mfumo, yaani kwenye mawasiliano, kumbukumbu, mazoea ya usemaji au historia. Ukilishika hilo, sehemu kubwa ya ukurasa huu itakuwa nyepesi.

2. Je, hii ndiyo tofauti ya sarufi mapokeo na sarufi miundo?

Hapana. Sarufi mapokeo ni ya kale zaidi, na mara nyingi ililenga kufundisha lugha "sahihi". Sarufi miundo ni mzazi wa pande zote mbili. Mihadhara ya Ferdinand de Saussure, iliyochapishwa 1916 baada ya kifo chake, ililea wanamuundo wa Marekani kama Leonard Bloomfield, ambao ndio waliotangulia mkabala wa umbo. Mihadhara hiyohiyo ililea pia Kikundi cha Prague, kilichoanzishwa 1926 chini ya Vilém Mathesius, ambacho ndicho chimbuko la uamilifu wa karne ya 20. Ndiyo maana kila upande humdai Saussure kuwa wake.

3. Ni majina gani nitakayokutana nayo kwanza?

Upande wa umbo, Noam Chomsky, kuanzia kitabu chake cha 1957 hadi mpango wake wa upunguzi wa miaka ya 1990. Upande wa uamilifu hauna baba mmoja. Michael Halliday (1925–2018), mwanafunzi wa J. R. Firth, aliunda sarufi amilifu mfumo. Simon Dik aliunda sarufi amilifu yake Uholanzi katika miaka ya 1970. Robert Van Valin na William Foley walitoa nadharia yao 1984. Talmy Givón na Joan Bybee walitilia mkazo mabadiliko ya lugha na mazoea ya usemaji. Usiwachukulie hawa kuwa wanasema jambo moja. Halliday na Givón wanatofautiana kwa mengi kuliko vitabu vya utangulizi vinavyokubali.

## Upande wa umbo

4. Umilisi na utendi vina maana gani, na kwa nini vinazua ugomvi?

Umilisi ni maarifa ya lugha aliyo nayo msemaji kichwani. Utendi ni yale anayoyatoa mdomoni, pamoja na kusita, kujikwaa, kusahau na kukatiza sentensi njiani. Chomsky aliiweka tofauti hii wazi 1965 na kusema kwamba nadharia ya sarufi ni nadharia ya umilisi.

Ugomvi unatokana na matokeo yake. Ukikubali tofauti hii, rekodi ya mazungumzo haiwezi peke yake kukuonyesha sarufi, kwa kuwa imechanganyika na mambo ya utendi. Unahitaji pia hukumu za wasemaji kuhusu kinachokubalika na kisichokubalika. Wanauamilifu wengi hujibu kwamba umilisi wenyewe umejengwa na utendi, kwa hiyo ukiutupa utendi umekitupa chanzo cha kile unachotaka kukieleza. Mimi naona tofauti hii ni halali kama chombo cha kazi, ila hugeuka hatari inapotumiwa kukimbia data inayosumbua.

5. Kuna ushahidi gani kwamba muundo unajitegemea kweli?

Chukua sentensi hii: *Mtoto aliyevunja vikombe analia.* Nomino iliyo jirani na kitenzi *analia* ni *vikombe*, lakini hakuna Mswahili atakayesema *mtoto aliyevunja vikombe vinalia* akiwa na maana hiyo. Kitenzi kinaruka nomino ya karibu na kupatana na ya mbali, kwa sababu *vikombe* imefungiwa ndani ya kishazi rejeshi. Kwa hiyo upatanisho unafuata ngazi za muundo. Ujirani wa maneno haukuamua kitu. Ukiongeza vishazi vingine katikati, *mtoto aliyevunja vikombe vilivyoletwa na wageni waliofika jana analia*, kanuni inabaki palepale, japo msikilizaji atachoka.

Jaribu pia sentensi isiyo na maana: *Kimya cha mraba kinakunja kesho.* Haielezi chochote duniani, lakini unahisi imeundwa vizuri. Linganisha na *Kimya wa mraba inakunja kesho*. Hisia hiyo ya pili, kwamba kuna kilichovunjika kisichohusiana na maana, ndiyo msingi wa hoja ya Chomsky kwamba sintaksia ina uhuru wake.

6. Je, kila anayefuata umbo anamfuata Chomsky?

La. Sarufi leksia-amilifu ya Joan Bresnan na Ronald Kaplan, iliyotokea kati ya mwisho wa miaka ya 1970 na 1982, ni ya kirasimi kwelikweli lakini haina uhamishaji wa virai, yaani wazo la Chomsky kwamba kirai huhama kutoka nafasi moja ya sentensi hadi nyingine. Neno "amilifu" katika jina lake linahusu kiima na yambwa (nomino inayotendwa), halihusu mkabala wa uamilifu, na hapo wengi hujikwaa. Kuna pia sarufi ya virai inayoongozwa na vichwa, ya Carl Pollard na Ivan Sag. Nadharia hizi zimefanya kazi kubwa sana katika uchanganuzi wa lugha kwa kompyuta.

## Upande wa uamilifu

7. "Kazi" za lugha ni zipi hasa?

Inategemea unamsoma nani. Halliday alizipanga tatu, nazo hutendeka kwa pamoja katika kila kishazi. Tazama *Labda mlinzi alifungua lango.* Kwanza, sentensi inawakilisha tukio: kuna mtenda, kuna tendo, kuna kilichotendwa. Pili, inajenga uhusiano kati ya wazungumzaji: *labda* inaonyesha msemaji anajifunga kiasi gani kwa anachokisema. Tatu, inapanga habari: ukiiweka kando *labda*, imeanza na *mlinzi*, kwa hiyo yeye ndiye tunayeambiwa habari zake.

Sasa sema *Lango lilifunguliwa.* Tukio ni lilelile, lakini habari imehamia kwa lango na mlinzi ametoweka kabisa. Atakayesoma taarifa hiyo hawezi hata kuuliza alaumiwe nani bila kwanza kutambua kwamba kuna mtu aliyeondolewa. Ndiyo sababu sarufi ya Halliday imependwa na wachambuzi wa habari na walimu wa uandishi: inaonyesha kwamba kuchagua kauli ni kuchagua msimamo.

8. Uamilifu unaelezaje mabadiliko ya lugha?

Hapa ndipo una nguvu kuliko mahali pengine popote. Kiambishi cha wakati ujao *-ta-* kimetokana na kitenzi *-taka*. Ushahidi bado tunautamka kila siku: tunasema *atakuja*, lakini kirejeshi kikiingia tunasema *atakayekuja*. Umbo refu la zamani limesalia hapo kama shina la mti uliokatwa.

Mwanaumbo ataandika kanuni safi: *-ta-* huwa *-taka-* mbele ya o-rejeshi. Kanuni ni sahihi na mwanafunzi wa lugha anaihitaji. Lakini haitamwambia kwa nini ni *-taka-* na si silabi nyingine yoyote, wala kwa nini Kigiriki na Kiromania pia vimeunda wakati ujao kutokana na kitenzi cha kutaka, na Kiingereza vilevile. Kigiriki na Kiromania ni lugha jirani zilizoathiriana, lakini Kiswahili na Kiingereza hazikuziiga. Anayetaka jambo kwa kawaida huelekea kulifanya, wasikilizaji hukisia hivyo, na kwa kurudiwarudiwa kisio hugeuka kuwa maana huku neno likifupika. Mchakato huu huitwa usarufishaji.

## Mfano mmoja kwa karibu

9. Kwa nini tunasema "nimemwona mwalimu" lakini "nimeona nyumba"?

Swali hili linastahili nafasi, kwa sababu linazijaribu nadharia zote mbili.

Anza na vitu visivyo hai. *Nimesoma kitabu* na *nimekisoma kitabu* zote ni sawa, ila ya pili inadhani msikilizaji anakijua kitabu hicho. Mwanauamilifu anafurahi: kiambishi cha yambwa kinaashiria habari ya zamani. Sasa nenda kwa watu. *Nimeona mwalimu* inalifanya sikio lisite, tunatarajia *nimemwona*. Labda ni kwa sababu mwalimu anajulikana? Jaribu kwa swali: *Umemwona nani?* Anayeuliza hamjui mtu huyo, ndiyo maana anauliza, na bado *-mw-* ipo. Kwa vitu tunasema *Umeona nini?*, na *Umekiona nini?* haiendi. Maelezo ya habari ya zamani yamekwama.

Mwanauamilifu ana jibu la pili, na ni zuri zaidi. Kwa kawaida watenda ni watu na watendwa ni vitu. Mtendwa akiwa mtu anafanana na mtenda, kwa hiyo lugha humtia alama. Kihispania huweka *a* mbele ya yambwa iliyo mtu, Kihindi kina *ko* kwa kazi inayokaribiana na hiyo, na Kituruki hutia alama yambwa mahususi. Mpangilio huu unajitokeza katika lugha nyingi zisizo na undugu kiasi kwamba ni vigumu kuuita bahati.

Mwanaumbo anauliza swali tofauti: kiambishi hiki ni *nini*? Ni kiwakilishi, au ni upatanisho tu? Mwaka 1987 Joan Bresnan na Sam Mchombo walichambua Kichewa, lugha ya Kibantu ya Malawi, na kuonyesha kwamba kiambishi cha yambwa huko ni kiwakilishi kamili. Nomino inayoambatana nacho iko nje ya kirai kitenzi kama mada, huku kiambishi cha kiima kikiweza kufanya kazi zote mbili. Kwa kipimo hicho Kiswahili kinaonekana kimegawanyika: *-ki-* ya *nimekisoma* inaelekea kuwa kiwakilishi, *-mw-* ya *umemwona nani* ni upatanisho. Na hapo njia zinakutana, kwa sababu Givón alikuwa ameshatetea 1976 kwamba upatanisho huzaliwa na viwakilishi vya mada vilivyozoeleka. Kilichokuwa mkakati wa mazungumzo kimekuwa kanuni.

Kuna jambo moja zaidi. Kitenzi cha Kiswahili kina nafasi moja tu ya kiambishi cha yambwa. *Mwalimu alimpa kitabu* inakubalika, *alikimpa* haikubaliki. Mawasiliano hayawezi kulieleza hili, kwa sababu Kinyarwanda na Kichaga huruhusu viambishi zaidi ya kimoja na wasemaji wake wana mahitaji yaleyale ya kuwasiliana. Tena sifa hii haiko peke yake. Tunasema *Mwanafunzi aliandikiwa barua*, lakini *Barua iliandikiwa mwanafunzi* haikubaliki. Bresnan na Lioba Moshi walionyesha 1990 kwamba sifa za namna hii huenda pamoja: Kichaga, kinachoruhusu yambwa zote mbili kutiwa alama, huruhusu pia yoyote kati yake kuwa kiima cha kauli ya kutendwa. Sifa zikifungamana hivyo, kuna mfumo chini yake, na ni mwanaumbo aliyeuona.

10. Katika "Chumbani mmeingia wageni", kiima ni kipi?

Upatanisho unasema ni *chumbani*, maana *m-* ya *mmeingia* ni ya mahali. Maana inasema ni *wageni* walioingia. Mchanganuzi wa umbo atafuata upatanisho na kutenga kiima cha kisarufi na mtenda. Wa uamilifu atasema muundo huu upo ili kumleta mgeni mpya katika habari. Ndiyo maana *Chumbani mmeingia yeye*, akiwa mtu aliyekwisha kutajwa, inasikika vibaya isipokuwa kwa mkazo maalumu. Majibu haya hayapingani. Moja linaeleza muundo, jingine linaeleza mahali unapofaa. Taz. pia swali la 14.

## Ubishi mkubwa

11. Je, sarufi majumui ipo?

Kwanza tenganisha mambo mawili. Joseph Greenberg, 1963, alichunguza lugha 30 na kupendekeza majumui 45, kwa mfano kwamba lugha zinazoanza na kitenzi, kikafuata kiima na kisha yambwa, huwa na vihusishi vinavyotangulia nomino. Hizo ni ruwaza zinazoonekana kwa kulinganisha lugha. Sarufi majumui ya Chomsky ni dai jingine: kwamba mtoto huzaliwa na uwezo mahususi wa lugha, kwa kuwa anachosikia hakitoshi kumfikisha kwenye sarufi anayoimudu.

Wanauamilifu huzikubali ruwaza na kuzieleza kwa njia nyingine. John Hawkins, kwa mfano, alitetea kwamba mpangilio wa maneno hufuata urahisi wa kuchakata sentensi. Michael Tomasello alitetea kwamba watoto hujenga sarufi kidogokidogo kutokana na wanachokisikia, kwa kutumia uwezo wa jumla wa kusoma nia za watu na kutambua ruwaza. Jambo hili halijaamuliwa.

12. Nimesikia lugha ya Pirahã imeiangusha nadharia ya Chomsky. Ni kweli?

Daniel Everett alidai 2005 kwamba Kipirahã, lugha ya Amazon nchini Brazili, hakina uwezo wa kuweka kishazi ndani ya kishazi. Dai hilo liligusa pabaya, kwa sababu 2002 Chomsky na wenzake walikuwa wamependekeza kwamba urudifu huo ndio kiini cha uwezo wa lugha. Andrew Nevins, David Pesetsky na Cilene Rodrigues walimjibu 2009 wakipinga uchanganuzi wake wa data. Upande wa Chomsky pia hujibu kwamba uwezo kuwepo si sawa na kila lugha kuutumia. Hoja hiyo ni halali kimantiki, lakini inaifanya nadharia iwe ngumu zaidi kupimwa, na wanaoitetea wanapaswa kukubali gharama hiyo.

13. Udhaifu mkubwa wa kila upande ni upi?

Wa umbo: kuongeza mitambo ya nadharia kila data inapogoma, hadi kanuni zinakuwa nyingi kuliko ukweli zinaoueleza.

Wa uamilifu: maelezo yanayokuja baada ya jibu kujulikana. Muundo ukiwa mfupi, ni kwa ajili ya kuokoa nguvu; ukiwa mrefu, ni kwa ajili ya kueleweka. Maelezo yanayoweza kutetea matokeo yoyote hayajaeleza kitu. Dawa ni kutabiri kabla ya kuangalia, kama tulivyolijaribu dai la habari ya zamani kwa *Umemwona nani?* katika swali la 9.

14. Je, mtu anaweza kuchanganya mikabala yote miwili?

Ndiyo, mradi ajue anachanganya nini. Judith Aissen alionyesha njia moja 2003: alichukua ngazi za uhai na umahususi zinazopendwa na wanauamilifu, akaziandika kama masharti ya nadharia ya upeo, ambayo ni ya kirasimi, ili kueleza kwa nini yambwa fulani hutiwa alama na nyingine hazitiwi.

Kisichofaa ni kuchanganya istilahi. Ukiandika "kiima" ukimaanisha kinachopatana na kitenzi katika ukurasa mmoja, na ukimaanisha mada katika ukurasa unaofuata, uchanganuzi wote unaporomoka.

15. Programu za kompyuta zinazoandika kama binadamu zimeamua ubishi huu?

Hazijaamua. Zimeonyesha kwamba matini mengi mno yanaweza kuzaa upatanisho sahihi bila kanuni zilizoandikwa kwa mkono, na hilo linadhoofisha baadhi ya hoja za uhaba wa data (taz. swali la 11). Lakini mtoto hajifunzi kwa kiasi hicho cha matini, kwa hiyo swali la mtoto linabaki.

## Kwa anayefanya utafiti

16. Nichague mkabala upi kwa tasnifu yangu?

Andika swali lako kwanza, kwa sentensi moja, bila kutaja nadharia yoyote. Ukiuliza *ni miundo gani inaruhusiwa na ipi hairuhusiwi*, utahitaji zana za umbo. Ukiuliza *wasemaji huchagua muundo huu lini*, utahitaji uamilifu. Anayemlazimisha mwanafunzi kuchagua kambi kabla hajawa na swali anamdhulumu.

Na kama nadharia unayoitangaza katika sura ya pili haionekani tena katika uchanganuzi wa sura ya nne, iondoe. Tasnifu nyingi hubeba nadharia kama mzigo usiofunguliwa.

17. Naweza kutegemea hukumu zangu mwenyewe kuhusu sentensi za Kiswahili?

Kwa kuanzia, ndiyo. Kwa kumalizia, hapana. Ukishaitamka sentensi mara nyingi, sikio huizoea na hukumu hulegea. Waulize wasemaji wengine bila kuwaambia unatafuta nini, changanya sentensi unazozichunguza na nyingine zisizohusika, na uwape muktadha, kwa kuwa *nimekisoma kitabu* bila muktadha haina haki ya kuhukumiwa. Andika pia kila mmoja ametoka wapi na amekua akisema lugha gani nyumbani: matumizi ya kiambishi cha yambwa hutofautiana kati ya wasemaji.

Kisha nenda kwenye kongoo, yaani mkusanyo mkubwa wa matini halisi. Kongoo la Kiswahili la Helsinki ni mahali pazuri pa kuanzia. Kumbuka tu kwamba kutoiona sentensi ndani ya kongoo hakuthibitishi kwamba haikubaliki, na kuiona mara moja hakuthibitishi kwamba inakubalika. Hukumu na kongoo zikipingana, usifiche upande mmoja. Weka zote mbili katika tasnifu na ueleze kila moja ilipatikanaje.